Edgar Anstey, mhariri wa filamu aliyegeuka mtayarishaji: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali haya huulizwa sana na wanafunzi wa filamu, vijana wanaotengeneza makala za video, na watazamaji waliokutana na *Housing Problems*, filamu fupi nyeusi-na-nyeupe ya mwaka 1935, wakatamani kujua ilitoka wapi. Yamepangwa kuanzia ya msingi hadi yale yanayozua ubishi. Pale jibu lilipokwisha kutolewa, utaelekezwa kwenye swali lenyewe.

## Mambo ya msingi

Edgar Anstey alikuwa nani?

Alikuwa mtengenezaji wa filamu za hali halisi wa Uingereza, mzaliwa wa Watford, mji ulio jirani na London. Alizaliwa 1907 na kufariki 1987. Aliingia kwenye filamu mwanzoni mwa miaka ya 1930 akiwa mwanagenzi wa John Grierson, Mskoti ambaye ndiye aliyeasisi harakati ya filamu za hali halisi nchini humo. Kazi ya kwanza iliyompa jina ilikuwa uhariri. Baada ya hapo akawa mwongozaji, na kwa sehemu kubwa ya maisha yake akawa mtayarishaji: mtu wa kutafuta fedha, kuteua watu, kuamua filamu ipi itengenezwe na kuilinda mpaka ifike kwa watazamaji.

Anakumbukwa zaidi kwa filamu mbili kuhusu maisha ya maskini, *Housing Problems* (1935) na *Enough to Eat?* (1936), na kwa miaka 25 aliyoongoza British Transport Films, kitengo cha filamu cha mashirika ya usafiri ya umma, kuanzia 1949 hadi 1974.

Empire Marketing Board ilikuwa nini, na filamu ziliingiaje humo?

Ilikuwa bodi ya serikali ya Uingereza iliyoundwa 1926 ili kuwashawishi watu wanunue mazao na bidhaa za dola nzima, makoloni yakiwemo. Ilitumia mabango, maonyesho na baadaye filamu. Grierson aliiingiza kwenye sinema kwa *Drifters* (1929), filamu ya wavuvi wa samaki aina ya heringi, kisha akakusanya vijana ambao wengi wao hawakuwa wamewahi kushika kamera. Anstey alikuwa mmoja wao.

Bodi ilivunjwa 1933, na kitengo chake cha filamu kikahamia Idara ya Posta ya Uingereza. Kwa msomaji wa Afrika Mashariki inafaa kulikumbuka hili: shule iliyowafundisha watengenezaji hawa kumtazama mfanyakazi kwa heshima iligharimiwa na mradi wa kuiuza dola. Mambo hayo mawili yalikaa pamoja katika filamu zao, na ukizitazama leo utayaona yote.

Alihariri filamu zipi?

Mbili ndizo za kuzijua kwanza. Ya kwanza ni *Industrial Britain*, iliyoanza kupigwa picha 1931 na Robert Flaherty, Mmarekani mwenye jicho la ajabu ambaye alimaliza mkanda na fedha kabla filamu haijakamilika. Ilibidi Grierson na vijana wake wapige picha za ziada, na Anstey akazikalia picha za mafundi wa vioo na vyungu akazigeuza kuwa filamu.

Ya pili ni *Granton Trawler* (1934), dakika kumi na kitu ndani ya meli ya uvuvi iitwayo *Isabella Greig*, iliyotoka Granton, bandari ya Edinburgh, kwenda Bahari ya Kaskazini. Grierson mwenyewe ndiye aliyepiga picha. Bahari ilikuwa chafu na kamera inayumba: upeo wa macho unapanda, unashuka, unalala upande. Mhariri mwoga angezitupa picha hizo kwa kuwa hazikutulia. Anstey alizibakiza, akaufanya mrama wenyewe uwe mwendo wa filamu. Nyavu zinavutwa, samaki wanamwagwa sitahani, watu wanapasua na kutupa, ndege wanazunguka juu, na hakuna msimulizi hata mmoja wa kukueleza unachokiona.

## Kutoka mkasi hadi utayarishaji

Uhariri wa enzi hizo ulifanywaje?

Kwa mikono. Mkanda wa milimita 35 wenye sauti hupita kwenye projekta kwa kasi ya picha 24 kwa sekunde, na kila dakika moja ya filamu hula takriban mita 27 za mkanda. Kwa hiyo filamu ya robo saa ni zaidi ya mita 400, na zilizopigwa zikaachwa ni nyingi kuliko hizo. Mhariri alivitundika vipande kwenye vigingi juu ya pipa lenye kitambaa, akavikagua kwa mwanga, akakata kwa mkasi, akakwangua ncha na kuziunga kwa gundi. Akibadili mawazo hukwangua na kuunga tena, na kila mara anapoteza picha moja au mbili.

Kazi hiyo humjenga mtu kwa namna fulani. Anayekata mkanda halisi hufikiri kwanza kabla ya kukata.

Kwa nini mhariri afae kuwa mtayarishaji?

Kwa sababu mhariri ndiye wa kwanza kujua filamu imekosa nini. Mwongozaji anarudi kutoka kazini na mapenzi yake: picha ile ilimgharimu siku nzima kwenye mvua, lazima iingie. Mhariri hakuwapo kwenye mvua. Anaona kilichomo kwenye mkanda tu, na anauliza kama mtu asiyemjua mhusika ataelewa.

Mtayarishaji mzuri hufanya vivyo hivyo kwa filamu nzima, tena mapema, kabla fedha hazijatumika. Kwa maoni yangu Anstey alibaki mhariri hadi mwisho, ila meza yake ilipanuka: badala ya kuchagua kati ya vipande, akawa anachagua kati ya mada na kati ya watu. Na alijua jambo ambalo wahariri wengi hulijua kwa shida, yaani wakati wa kuuweka mkasi chini. Ushahidi mkubwa ni *Housing Problems*.

## *Housing Problems* (1935)

Filamu hii inahusu nini?

Inahusu nyumba mbovu za Stepney, mashariki ya London, na mpango wa kuzibomoa na kujenga maghorofa mapya. Ni fupi, haifiki dakika 20. Anstey aliitengeneza pamoja na Arthur Elton, na kamera ilishikwa na John Taylor. Inaanza na diwani wa Stepney akieleza tatizo, kisha inaingia ndani ya nyumba, kisha inaonyesha majengo mapya na mifano ya yatakayojengwa, ukiwemo mradi wa Quarry Hill wa mji wa Leeds, na kumalizia kwa kurudi kwa wakazi.

Kuna nini kipya humo? Mbona leo kila kipindi cha televisheni kinafanya hivyo?

Kinafanya hivyo kwa sababu hawa walitangulia. Kabla ya hapo, maskini kwenye filamu za Uingereza alionyeshwa huku mtu mwingine mwenye lafudhi ya wasomi akimsemea. Hapa wakazi wenyewe wanasimama sebuleni mwao, wanaitazama kamera, na kusema kwa lugha yao ya mtaani. Waswahili husema kitanda usichokilalia hujui kunguni wake, na hawa ndio waliokilalia. Mwanamume mmoja anaeleza kwamba vyumba vyake viwili vinamgharimu shilingi 10 kwa wiki, hakuna nafasi ya kugeuka, na majirani zake wa humo ndani ni kunguni, panya wadogo na panya buku. Mama mmoja anasema nyumba inazama, sakafu ya juu inashuka chini, na kuta zimejaa wadudu.

Tazama jinsi alivyosimama mama huyo. Anaongea haraka, kama aliyekisubiri kipaza sauti kwa miaka. Hajapambwa, na mwanga uliotumika ni wa kumwonyesha tu. Vipande ni virefu na kamera haitembei, kwa sababu mitambo ya sauti ilikuwa mizito na vyumba vidogo, na pia kwa sababu waongozaji waliamua hivyo. Mtu aliyeunga mawimbi ya *Granton Trawler* alikuwa na ujuzi wote wa kuzikata sauti hizi kuwa kitu cha kupendeza. Aliziacha ziseme mpaka zimalize.

Ni nani aliyewafanya wakazi waongee kwa uhuru?

Sehemu kubwa ya sifa ni ya Ruby Grierson, dada yake John, aliyekuwa mwalimu kabla ya kuingia kwenye filamu. Yeye ndiye aliyekaa na wakazi na kupata imani yao, na inasimuliwa kwamba aliwaambia kamera na kipaza sauti ni mali yao, basi wawaeleze wakubwa maisha ya humo yalivyo. Jina lake halimo kwenye orodha ya waliotengeneza filamu. Baadaye aliongoza filamu zake mwenyewe, na akafa Septemba 1940 meli ya *City of Benares* ilipopigwa torpedo katika Atlantiki alipokuwa akipiga picha za watoto waliokuwa wakihamishiwa Kanada kuepuka vita.

Ninasisitiza jina lake kwa sababu kazi ya kukaa na watu kabla kamera haijawashwa ndiyo inayosahaulika upesi kuliko zote, na bila hiyo wakazi wa Stepney wangesimama mbele ya kamera kama watu waliopelekwa polisi.

Kwa nini kampuni za gesi zililipia filamu ya maskini?

Wafadhili walikuwa British Commercial Gas Association, chama cha kampuni za gesi. Hesabu yao ilikuwa wazi: mtaa mbovu ukibomolewa na maghorofa yakajengwa, kila jiko jipya linaweza kuwa la gesi, na umeme ulikuwa mshindani aliyekuwa akikua kwa kasi. Walitaka pia waonekane ni watu wa maendeleo.

Werevu wa Anstey na Elton ulikuwa kutafuta mahali ambapo faida ya mfadhili na haja ya wananchi zinakutana, kisha kuitengeneza filamu papo hapo. Bidhaa haitangazwi kwa kelele. Kijana yeyote anayeandika maombi ya ufadhili leo, Nairobi au Dar es Salaam, anaijua kazi hiyo: mfadhili ana lengo lake, nawe una lako, na ukishindwa kujua yanapokutana utatengeneza tangazo huku ukiliita filamu.

Je, ufadhili huo haukuipotosha?

Uliipunguza. Mkazi anaruhusiwa kueleza shida, lakini suluhisho linatoka kwa diwani, wasanifu na mafundi. Hakuna mkazi anayeulizwa nyumba mpya iweje, wala anayeeleza ni nani aliyetajirika kwa kodi zile. Wachambuzi wa baadaye wamesema kwamba hapa ndipo ulipoanzia mtindo wa kumwonyesha maskini kama mwathirika, mtindo uliotawala televisheni ya Uingereza kwa miongo mingi. Ninaukubali ukosoaji huo kwa sehemu. Ukiisikiliza sauti ya yule mama wa nyumba inayozama, hata hivyo, husikii mtu anayeomba huruma. Unasikia hasira.

Na Quarry Hill, ile ndoto ya Leeds? Ilijengwa kweli mwishoni mwa miaka ya 1930, na ikabomolewa 1978. Filamu ilikuwa na haki kuhusu ubovu wa Stepney kuliko ilivyokuwa na haki kuhusu tiba yake.

## *Enough to Eat?* (1936) na Afrika Mashariki

Filamu hii ilitafuta kuonyesha nini?

Kwamba Waingereza wengi hawakuwa wakila vya kutosha, na kwamba sababu ilikuwa kipato. Iliegemea utafiti wa John Boyd Orr uliochapishwa 1936 kuhusu chakula, afya na kipato, utafiti ulioonyesha kuwa kadiri kipato cha familia kinavyoshuka ndivyo chakula chake kinavyopungua ubora. Msimulizi ni mwanabiolojia Julian Huxley, anayeonekana mwenyewe mbele ya kamera. Ina takwimu, michoro, wanasayansi, na akina mama wanaoeleza wanachonunua. Anstey aliiongoza, na fedha zilitoka tena kwenye gesi.

Hoja yake ilionyeshwa kwa kitu ambacho mtazamaji anakipima kwa macho: urefu wa watoto. Wavulana wa shule ya kulipia wanalinganishwa na wenzao wa umri uleule wa familia maskini. Hapo hapahitaji maelezo marefu.

Nimesikia watu wa filamu hii walifika Afrika Mashariki. Ni kweli?

Ni kweli, wawili. Boyd Orr, pamoja na daktari wa serikali ya kikoloni ya Kenya aitwaye Gilks, alichapisha 1931 utafiti ulioilinganisha afya na chakula cha Wakikuyu na Wamasai. Elimu iliyomfanya aulize Waingereza wanakula nini ilipitia kwanza kwenye mabakuli ya Kenya. Baadaye akawa mkurugenzi mkuu wa kwanza wa FAO, shirika la Umoja wa Mataifa la chakula na kilimo, na akapewa Tuzo ya Nobeli ya Amani mwaka 1949.

Huxley naye alizuru Afrika Mashariki 1929 kwa niaba ya serikali, akiwa na jukumu la kuangalia elimu ya biolojia, na akawaonyesha wanafunzi filamu za kufundishia ili aone wanazipokeaje. Waliielewa sinema vizuri kuliko walivyotarajia wakubwa wengi wa London.

Je, Waafrika nao walipewa kipaza sauti kama wakazi wa Stepney?

Hapana. Mwaka uleule wa 1935 ulianza mradi mwingine kabisa huko Vugiri, katika milima ya Usambara, Tanganyika: Bantu Educational Kinema Experiment, uliodumu hadi 1937. Ulitengeneza filamu za kilimo, afya na kuweka akiba, waigizaji wakiwa wenyeji, na maelezo yakirekodiwa kwenye santuri kwa Kiswahili na lugha nyingine. Kuna mengi ya thamani humo, maana wenyeji walifanya kazi nyingi za uzalishaji. Lakini mada na mafunzo viliamuliwa na wengine: mkulima anaonyeshwa afanye nini, haulizwi analalamikia nini.

Baada ya hapo ikaja Colonial Film Unit, kitengo cha serikali ya Uingereza cha filamu za makoloni kilichoundwa 1939, chini ya William Sellers aliyeamini kwamba Mwafrika hawezi kufuata uhariri wa haraka, hivyo filamu zake ziende polepole, zisirukeruke, zisitumie mbinu. Hii inaniuma kama mtu ninayependa uhariri. Mkasi uleule ulioachwa chini Stepney kwa kumheshimu msemaji, huku Afrika uliwekwa chini kwa kumdharau mtazamaji.

## Miaka ya baadaye

Alifanya nini kati ya 1936 na 1949?

Mengi, kwa haraka. Kabla ya hapo, 1934, alikuwa ameanzisha kitengo cha filamu cha Shell, kampuni ya mafuta. Kisha akajiunga na *The March of Time*, mfululizo wa Marekani wa habari za sinema, kwanza London na baadaye New York akiwa mhariri wa habari za nje. Wakati wa vita alirudi kwenye utayarishaji kupitia Film Centre, taasisi iliyoandaa na kusimamia filamu kwa ajili ya wizara na makampuni, na pia akawa mhakiki wa filamu wa gazeti la *The Spectator*.

British Transport Films ilikuwa na uhusiano gani na masuala ya jamii? Si matangazo ya treni tu?

Reli na sehemu kubwa ya usafiri wa Uingereza viliingia mikononi mwa umma tarehe 1 Januari 1948, na mwaka uliofuata Anstey akapewa kitengo cha kutengeneza filamu za usafiri huo. Nyingi ni za utalii, za mafunzo ya wafanyakazi au za taarifa za miradi. Ila pekua na utaukuta moyo wa zamani. *Under Night Streets* (1958) inashuka kwenye mahandaki ya reli ya chini ya ardhi ya London baada ya treni ya mwisho, umeme ukishazimwa, na kuwafuata watu wanaofanya kazi mpaka alfajiri. Miongoni mwao ni wanawake wanaopita relini wakikwangua na kukusanya vumbi, nywele na nyuzi za nguo zilizoachwa na mamilioni ya abiria. Abiria wa asubuhi hawajui kama wapo. Kwa muda mfupi filamu inawafanya wawepo.

Ni kweli alishinda Oscar?

Ndiyo, 1967, kwa *Wild Wings*, filamu fupi kuhusu ndege wa majini. Yeye, kama mtayarishaji, ndiye aliyetajwa kuwa mshindi. Mmoja wa waongozaji wake alikuwa John Taylor, yuleyule aliyeshika kamera Stepney miaka zaidi ya 30 nyuma. Kabla yake *Snow* ya Geoffrey Jones, kuhusu reli na theluji, iliteuliwa pia kuwania Oscar. Hiyo ukiweza itazame kwa ajili ya uhariri pekee.

## Maswali yenye ubishi

Mtoto anayelia kwenye *Terminus* alipotea kweli?

Hakupotea. *Terminus* (1961), iliyoongozwa na John Schlesinger kwa kitengo cha Anstey, inafuata siku moja kwenye kituo cha reli cha Waterloo, London, na mvulana anayemlilia mama yake ndiye anayekaa moyoni mwa kila aliyeitazama. Mama huyo alikuwa mwigizaji na ndugu wa mwongozaji, na alimwacha kwa makusudi. Machozi yalikuwa ya kweli, tukio lilipangwa.

Wapo wanaotetea kwa kusema kupanga matukio kulikuwa kawaida ya kizazi kile. Ni kweli, mafundi na wavuvi waliombwa mara nyingi warudie kazi mbele ya kamera. Lakini fundi anayerudia kazi yake amekubali, na mtoto wa miaka mitano hakukubali kitu. Kwangu mpaka uko hapo, na filamu hii, pamoja na uzuri wake wote na tuzo ya tamasha la filamu la Venice, iliuvuka.

Kwa nini aliishambulia *Listen to Britain*?

Filamu hiyo ya 1942 ya Humphrey Jennings na mhariri Stewart McAllister leo inahesabiwa miongoni mwa bora za Uingereza. Anstey, kwenye *The Spectator*, aliifananisha na Nero, kaisari anayesemekana alipiga fidla Roma ikiungua. Aliona taifa liko vitani na filamu haimwambii mtu afanye nini.

Alikosea kuhusu filamu, ila kosa lenyewe linamweleza. Aliamini filamu ni chombo cha kazi, iwe na matokeo kesho asubuhi. Imani hiyo ndiyo iliyotupa *Housing Problems*, na ndiyo iliyomziba masikio asisikie filamu inayofanya kazi kwa muziki na minong'ono. McAllister, kwa bahati, baadaye alifanya kazi kwenye kitengo cha Anstey hadi kifo chake 1962, akihariri na kutayarisha filamu. Naye pia alipita njia ileile kutoka mkasi hadi utayarishaji.

Nianze na filamu ipi?

Anza na *Granton Trawler*, kisha *Housing Problems* siku hiyohiyo. Ya kwanza itakuonyesha alichoweza kufanya kwa mkasi. Ya pili itazame mara mbili, mara ya pili ukifunga macho. Ukitaka kumwona kama mtayarishaji, nenda *Under Night Streets*, kisha *Terminus* ukiwa umekwisha kusoma jibu lililo juu. *Enough to Eat?* ni nzito zaidi, ina maelezo mengi, lakini mwalimu wa afya au wa sayansi kimu anaweza kuigeuza somo zima.